Kuskusi na Kefta ya Moroko: Vyungu Viwili, Sinia Moja

Kabla hujawasha jiko, lijue jambo ambalo maelekezo mengi ya chakula hiki hulipita haraka. Kwao Moroko, kefta na kuskusi kwa kawaida hazipakuliwi pamoja. Kefta, yaani nyama ya kusaga iliyokolezwa viungo na majani mabichi, huliwa kwa mkate. Huchomwa vijitini juu ya makaa, au husokotwa vidonge vidogo vikapikwa ndani ya rojo la nyanya, na dakika za mwisho mayai hupasuliwa juu yake. Kuskusi nayo ina siku yake, Ijumaa, watu wakishatoka kuswali adhuhuri, na juu yake huwekwa nyama ya mfupa pamoja na mboga zilizochemka taratibu. Kuzikutanisha kwenye sinia moja ni mazoea ya jikoni za nje ya Moroko zaidi kuliko za kwao.

Mimi nakipenda chakula hiki na sioni kwa nini mtu azuiwe kukipika. Ninachotaka ni kila kimoja kipewe haki yake. Kuskusi hunywa sana: inataka mchuzi mwepesi, wa maji ya mifupa na mboga, unaopenya kila punje. Kefta inataka rojo zito la nyanya lililokaa motoni mpaka mafuta yakaelea. Ukizilazimisha sufuria moja, utapunguza rojo kwa maji ili litoshe kulowesha kuskusi, na nyama itabaki inaogelea katika kitu kisicho mchuzi wala rojo. Ukiliacha rojo zito, kuskusi itakaa kavu na kukukwama kooni. Kwa hiyo hapa tunatumia vyungu viwili. Cha kwanza ni cha mchuzi, na mvuke wake ndio utakaoivisha kuskusi. Cha pili ni cha rojo na kefta. Vinakutana mezani.

Vipimo vyote nitakavyotaja vinatosha watu watano au sita wenye njaa. Tenga saa mbili na nusu, na usiku wa kuamkia siku hiyo uloweke kikombe kimoja cha dengu, zile nzima, kubwa, za rangi ya maziwa.

Nyama

Nunua robo tatu kilo. Chagua nyama kwanza, kisha umwombe mwenye bucha akusagie mbele yako. Ndivyo wanavyofanya Moroko, na wachinjaji wengi huko husaga kotmiri, kitunguu na viungo pamoja na nyama hiyohiyo, mteja akaenda nayo nyumbani tayari kwa kupikwa. Bega au shingo ya ng'ombe inafaa, au ng'ombe nusu kwa kondoo nusu. Usikubali nyama isiyo na mafuta kabisa. Sehemu moja ya mafuta kwa tano za nyama ndiyo inayoifanya kefta ibaki laini. Nyama kavu ya paja ikisagwa peke yake hukaza, na hakuna rojo litakaloilainisha tena.

Nyama ya kusaga ina hatari ambayo kipande kizima hakina. Vijidudu vilivyokuwa juu ya nyama, mashine ikipita, huingia ndani na kusambaa kote. Ipike siku ileile uliyoinunua, isikae nje ya jokofu wakati unakata mboga, na isiliwe ikiwa na wekundu katikati. Kama una kipimajoto cha chakula, nyuzi 71 za Selsiasi katikati ya kidonge ndiyo alama ya kuiva.

Sasa viungo. Jikoni kwa Waswahili tunavyo karibu vyote, na hapo ndipo mkono wetu unapotuponza, kwa kuwa tumezoea kukoleza pilau. Weka kando iliki na karafuu. Kefta inasimama juu ya nguzo mbili: bizari nyembamba, ile ambayo wengine huiita uzile na wengine bizari ya pilau, na paprika, unga wa pilipili nyekundu tamu isiyowasha. Bizari nyembamba ina heshima ya pekee Moroko. Ile inayotoka Alnif, kusini-mashariki mwa nchi, inajulikana nchi nzima, na nyama ya kuchoma hupelekwa mezani ikiwa na kijisahani cha chumvi na kingine cha bizari hiyo ili kila mtu achovye apendavyo. Inunue nzima. Ikaange kavu kwenye kikaango kwa dakika moja au mbili, uitikise mpaka harufu ipande, kisha uitwange mara moja. Ile ya unga iliyokaa dukani miezi mingi hubaki na rangi tu.

Kwa nyama yako utahitaji vijiko viwili vya chai vya bizari nyembamba iliyotwangwa, vijiko vitatu vya paprika, kijiko kimoja na nusu cha chumvi, nusu kijiko cha pilipili manga, nusu kijiko cha tangawizi kavu ya unga na robo tu ya kijiko cha mdalasini. Pilipili kali weka ncha ya kisu au usiweke kabisa. Wengi hudhani chakula cha Moroko huwasha. Kinanukia sana, lakini ukali wake ni wa kiasi, na anayetaka zaidi huongezewa mezani.

Chukua kitunguu kimoja kikubwa ukikwaruze kwenye matundu ya kati ya kikwaruzo, kisha ukikamue kwa kiganja mpaka maji yaishe. Usiruke hatua hii. Maji ya kitunguu yakiingia kwenye nyama, vidonge hupasuka ndani ya rojo. Katakata fungu dogo la kotmiri na kiasi kilekile cha paseli, vyote viwe vidogo sana. Kama paseli haipatikani sokoni kwenu, ongeza kotmiri na usihangaike.

Changanya vyote kwa mkono, na uendelee kukanda kwa dakika tatu au nne, si kugeuzageuza tu. Mpishi wa kababu za Pwani atauliza mayai na mkate wa kushikiza viko wapi. Havipo. Chumvi pamoja na kukanda huivuta protini ya nyama itoke na kuwa kama gundi, na utaisikia nyama ikianza kunata vidoleni na kushikamana donge moja. Ikifika hapo, iache. Kaanga kipande kidogo, uonje chumvi na bizari, kisha urekebishe. Ifunike, iweke jokofuni angalau nusu saa. Baridi huikaza na hukupa nafasi ya kushughulikia chungu cha kwanza.

Chungu cha mchuzi

Hiki ndicho kinachoanza kuwaka, kabla hata hujagusa nyanya. Tafuta sufuria ndefu ambayo chombo chako cha mvuke kitakaa juu yake bila kugusa mchuzi. Moroko wana jozi maalumu ya kazi hii: chungu kikubwa chini, na juu yake chombo chenye matundu kiitwacho keskes. Wewe unaweza kutumia sufuria yoyote ya mvuke yenye tundutundu, au chujio kubwa la chuma lililokaa vizuri mdomoni mwa sufuria. Kama matundu ni makubwa, tandika kitambaa chepesi cheupe kisicho na harufu ya sabuni.

Weka samli kijiko kimoja na kitunguu kilichokatwa, kikaange mpaka kilegee. Tia nusu kilo ya mifupa yenye nyama kidogo, ya ng'ombe, mbuzi au kondoo. Nyunyiza kijiko cha chai cha tangawizi, kimoja cha pilipili manga, nusu ya manjano, na chumvi. Geuza dakika chache, tia dengu ulizoloweka na maji lita mbili na nusu, pamoja na kishada cha kotmiri kilichofungwa kwa uzi. Kikichemka, toa povu, punguza moto na ukiache saa nzima. Walio nyanda za juu waongeze muda. Nairobi maji huchemka kwenye nyuzi 94 au 95 badala ya 100, na dengu hulijua hilo.

Mboga zitaingia baadaye, kwa zamu, kwa hiyo zikate sasa ziwe tayari: karoti nne zilizopasuliwa kwa urefu, robo ya kabichi, kipande cha boga kisichomenywa sana, na mumunye mmoja mchanga. Kuna kuskusi mashuhuri ya Casablanca inayobeba mboga saba, lakini nyama yetu leo iko kwenye chungu kingine, na mboga nne zinatosha kuupa mchuzi utamu.

Kuskusi yenyewe

Hapa usiende mbio. Kuskusi ni chenga za ngano ngumu, semolina, zilizoviringishwa kwa mikono na maji na unga mpaka zikawa punje, zikachujwa kwa ukubwa, zikapikwa kwa mvuke na kukaushwa. Ipo pia ya shayiri, na iko ya mahindi. Ujuzi huu wa kuiviringisha na kuipika ni wa Maghribi yote: mwaka 2020 Algeria, Mauritania, Moroko na Tunisia ziliupeleka UNESCO kwa pamoja, ukaandikwa katika orodha ya urithi wa utamaduni wa binadamu. Vitabu vya mapishi vya Andalusia vya karne ya 13 tayari vina kuskusi ndani yake.

Boksi ulilonunua dukani pengine linasema umwagie maji ya moto, ufunike dakika tano, ule. Inawezekana, kwa sababu kiwandani imekwisha kupikwa na kukaushwa. Lakini punje iliyomwagiwa maji mara moja hunywa haraka upande wa nje, hushikamana na wenzake, na inapoingia tumboni huendelea kuvimba. Iliyopita kwenye mvuke hunywa maji kidogo kidogo, hufura mpaka karibu mara tatu ya ukubwa wake, na hukaa nyepesi sinia zima, kila punje peke yake. Nakuomba, kwa ajili ya mlo huu mmoja, uifanye kazi hii yote. Si ngumu. Inataka uvumilivu na viganja viwili safi.

Mimina nusu kilo ya kuskusi, ya punje za kati, kwenye sinia pana. Tia vijiko viwili vya chakula vya mafuta ya zeituni au ya kawaida, uisugue taratibu kati ya viganja mpaka kila punje ing'ae. Mafuta haya ndiyo yanayozuia mabonge. Nyunyiza nusu kikombe cha maji, huku mkono mmoja ukizungusha vidole vilivyotanuliwa, kama anayepalilia juu juu. Acha inywe dakika tano. Vunja bonge lolote unalolisikia.

Ihamishe kwenye chombo cha mvuke bila kuishindilia. Imimine tu kwa mikono, ianguke yenyewe. Sasa tazama pale chombo kinapokutana na sufuria. Mvuke ukipenya hapo, hautapanda juu, na kuskusi itakaa bila kuiva hata ukiingoja hadi magharibi. Wanawake wa Moroko huchovya utepe mrefu wa kitambaa kwenye uji mwepesi wa unga wa ngano, wakaufunga mahali hapo kama mshipi. Joto huukausha uji, na njia inazibika. Fanya vivyo hivyo, na utepe uwe mbali na ndimi za moto.

Usifunike juu. Mfuniko hukusanya maji na kuyadondosha, na punje za juu huwa uji. Subiri mpaka uuone mvuke ukitoka kwenye kuskusi yenyewe, katikati na pembeni, kisha uhesabu dakika 15.

Irudishe kwenye sinia. Itakuwa imeshikana kipande kimoja chenye umbo la chombo, usitishike. Ivunje kwa mwiko kwa kuwa ni ya moto, inyunyizie kikombe kimoja cha maji baridi ulichokoroga na kijiko cha chai cha chumvi, na ikipoa kiasi cha kuvumilika uingize viganja, usugue, uachanishe. Iache dakika tano au kumi. Wakati huo tumbukiza karoti na kabichi kwenye mchuzi. Rudisha kuskusi juu, dakika 15 nyingine tangu mvuke utokeze.

Mara ya tatu ni ileile, ila maji ni mengi zaidi, kikombe kimoja na nusu hadi viwili, uyatie polepole huku ukisikiliza vidole. Utajua imetosha ukibonyeza punje mbili tatu kati ya kidole gumba na cha shahada: ziwe laini mpaka ndani, zisiwe na kiini kigumu, na zisiache unyevu wa kung'aa kidoleni. Kama bado ngumu, ongeza robo kikombe. Tia boga na mumunye kwenye mchuzi, rudisha chombo juu kwa mara ya mwisho. Dakika 15 baadaye, mimina kuskusi sinia, tia vijiko viwili vya siagi au samli, sugua kwa mwiko. Moroko hutumia smen, siagi iliyotiwa chumvi na kuchachushwa, yenye harufu kali. Samli ya ng'ombe iliyokaa muda kidogo, ile inayonukia kweli, inakaribia kazi hiyo kuliko siagi tamu ya dukani.

Asiyeweza kabisa kupata nafasi, basi aifanye njia hii ya katikati: aisugue na mafuta, aimwagie mchuzi wa moto wenye ujazo pungufu kidogo ya ule wa kuskusi, afunike dakika kumi, aichambue kwa uma, kisha aipitishe kwenye mvuke mara moja tu kwa dakika kumi. Itakuwa bora mara nyingi kuliko ya maji ya birika.

Chungu cha rojo

Kianze mvuke wa kwanza unapopanda, ili viwili vimalizike pamoja. Nyanya kilo moja, mbivu hasa. Usizimenye; zikate nusu, zikwaruze upande wa nyama kwenye kikwaruzo, ganda libaki mkononi ulitupe. Ndiyo njia ya jikoni za Moroko na inakuokoa kuzichovya maji ya moto.

Kwenye sufuria nzito na pana, au tajini ya udongo kama unayo, pasha mafuta ya zeituni vijiko vinne. Kaanga kitunguu kimoja kilichokwaruzwa, moto mdogo, mpaka kilainike bila kugeuka rangi. Tia punje nne za kitunguu saumu zilizopondwa, paprika vijiko viwili vya chai na bizari nyembamba kimoja. Zigeuze nusu dakika tu, kwa kuwa paprika huungua upesi na ikiungua inatia uchungu. Mara moja mimina nyanya. Chumvi, na chembe ya sukari kama nyanya ni chachu. Acha lichemke bila mfuniko dakika 20 hadi 25, ukikoroga mara kwa mara, mpaka liwe zito na mafuta yajitenge pembeni yakiwa mekundu. Watu wengi hukosa subira hapa, wakatia nyama kwenye maji ya nyanya. Kefta yao hutoka imechemka tu, ladha ya viungo imebaki majini.

Wakati rojo linapungua, toa nyama jokofuni. Lowesha mikono, usokote vidonge vya ukubwa wa ndimu changa, si zaidi ya sentimita tatu. Vidogo vinaiva sawasawa na vinapakana vizuri na punje za kuskusi. Vikubwa vya ukubwa wa yai huomba kukatwa kwa kisu, na chakula hiki hakina kisu. Vitumbukize vibichi ndani ya rojo, bila kuvikaanga kwanza. Tikisa sufuria kwa kuishika masikio yake. Usiingize mwiko dakika tano za mwanzo maana bado ni vyepesi kuvunjika. Ongeza robo kikombe cha mchuzi kutoka chungu cha kwanza kama rojo limekauka mno. Funika, moto mdogo, dakika 15 hadi 20. Mwisho nyunyiza kotmiri.

Mayai yale ya kupasua juu, ukila na kuskusi, yaache. Yanapendeza na mkate wa kuchovya. Juu ya punje yanatapakaa na kuzishikamanisha, na kazi yote ya mvuke inapotea.

Tafaya, kwa anayetaka utamu

Hii si lazima, lakini ukiipika mara moja watakuuliza iko wapi siku nyingine. Ni kitunguu na zabibu kavu zilizopikwa mpaka zikawa kama jemu, na inaendana na kuskusi tangu zamani. Kata vitunguu vinne vikubwa vipande vyembamba. Vitie sufuriani na samli vijiko viwili, nusu kijiko cha chai cha tangawizi, kijiko kimoja cha mdalasini, chumvi kidogo, nyuzi chache za zafarani na nusu kikombe cha maji. Funika, moto mdogo, nusu saa. Funua, tia nusu kikombe cha zabibu kavu zilizolowekwa na vijiko viwili vya asali, uache maji yakauke mpaka vitunguu ving'ae na kugeuka rangi ya kahawia. Lozi zilizokaangwa juu yake ni pambo zuri.

Kuhusu zafarani: ya Moroko hutoka Taliouine, na kama ilivyo popote, ni ghali. Nyuzi za bei rahisi zinazotoa rangi papo hapo bila harufu si zafarani. Ni afadhali uweke manjano kidogo kuliko kulipia udanganyifu.

Kupakua

Sinia moja, pana. Panga kuskusi kama kilima na kwenye kilele bonyeza shimo kubwa. Mwagia upawa mmoja wa mchuzi kuzunguka, taratibu, usubiri inywe, kisha wa pili. Weka kefta na rojo lake shimoni. Egemeza karoti, boga, mumunye na kabichi kwenye miteremko, dengu zimwagike huku na huko, na tafaya ipate upande wake. Mchuzi uliobaki uende mezani kwenye bakuli pamoja na upawa, kwa sababu kuskusi huendelea kunywa wakati watu wanakula na kila mmoja atataka kuongeza upande wake.

Kila mlaji hula sehemu iliyo mbele yake, na vilivyo katikati hugawanywa. Kwa aliyekulia kwenye sinia la wali hakuna la kufundishwa hapa. Ibn Battuta, msafiri wa Moroko aliyezaliwa Tangier mwaka 1304, alipofika pwani yetu mwaka 1331 akielekea Mombasa na Kilwa, alikaribishwa Mogadishu kwa wali uliopikwa kwa samli, umewekwa kwenye sahani kubwa ya mti na kitoweo cha kuku, nyama, samaki na mboga juu yake. Akaeleza pia achari za ndimu na pilipili zilizoandamana nao. Miaka ishirini baadaye, akiwa safarini kwenda Mali, aliandika kwamba fonio, nafaka ya huko yenye punje ndogo mno, hutengenezewa kuskusi. Alikuwa mtu aliyeangalia chakula kwa makini kila alipokaribishwa, na naamini sinia hili la nafaka chini na kitoweo juu alilitambua mara moja.

Achari ya ndimu ya Pwani, kwa kweli, inafaa sana hapa. Moroko wana ndimu zao zilizolazwa kwenye chumvi, ambazo kwa kawaida hutiwa kwenye kuku na samaki, lakini vipande vichache vya achari yetu isiyo kali hukata uzito wa samli na utamu wa tafaya. Cha kunywa ni maziwa mgando mepesi yaliyopozwa, kama wafanyavyo wao siku ya Ijumaa. Chai ya kijani yenye nanaa na sukari nyingi huja baada ya sinia kuondolewa.

Kitakachobaki kihifadhi mbalimbali, usikichanganye. Kuskusi ikae jokofuni siku mbili au tatu kwenye chombo chenye mfuniko. Kesho yake inyunyizie maji kidogo na uirudishe kwenye mvuke dakika kumi, itaamka kama mpya. Mchuzi uchemshe upya kabla ya kunywa. Kefta na rojo lake vipashe kwenye kikaango mpaka vichemke, na hapo sasa pasua yale mayai matatu au manne, funika mpaka weupe ushike na kiini kibaki laini, nyunyiza bizari nyembamba na chumvi, upeleke mezani kikaango chenyewe, pamoja na mkate wa moto.